Kigikuyu cha Mbele ya Kadhi

Majirani zangu wa Madungu walianza kunionea huruma mwaka ule niliojifunza Kigikuyu. Dirisha la chumba changu linatazama uchochoro, na mimi sauti yangu haijawahi kujua kunong'ona. Kila siku baada ya laasiri walinisikia nikibishana na simu. "Aca, Mwalimu. Aca." Wakadhani nimekosana na mtu. Jirani mmoja akaniletea sahani ya mkate wa kumimina, akakaa kitako mpaka nilipokata simu, kisha akaniuliza kwa upole kama nyumbani kuna amani. Nikamwambia nasoma.

"Kwa umri huno?" akasema. "Haya, soma mwanangu, lakini usijichoshe."

Mume wangu alifurahia kuliko wote. Kila aliyemuuliza habari zangu alimjibu kwamba mkewe kapata mwanamume wa bara, mzee, mwenye kikohozi, na kwamba yeye ameridhika kwa kuwa wako mbalimbali. Nilimwacha aseme. Kusema kweli nilikuwa na furaha miezi ile, furaha ya mtoto aliyeanza skuli na bado hajachapwa.

Mambo yalianza hivi. Mimi ni msaidizi wa sheria katika ofisi ndogo ya shirika la misaada hapa Chake Chake. Wanaokuja kwetu ni watu ambao haki yao ipo lakini hawajui waishike wapi: wajane, wanawake walioachwa na watoto, wazee ambao baba zao walikuja kutoka bara kuchuma karafuu na mpaka leo hawana cheti cha kuonesha kwamba wao wamezaliwa hapahapa. Tunawaandikia, tunawasindikiza, tunawasemea. Lugha haikuwahi kuwa tatizo. Kiswahili kinatosha, na pale kisipotosha Kipemba kinamalizia.

Ndipo akaja mama mmoja kutoka Micheweni, mkulima wa mwani, viganja vimempasuka kwa chumvi. Alikaa mbele ya meza yangu, akatoa salamu zote bila ya kuruka hata moja, akaniuliza habari za watoto na za kazi na za joto, kisha akanyamaza. Nikamuuliza ana shida gani.

"Mama hasemi," akasema.

"Hasemi, au hataki kusema?"

"Asema. Lakini asema kwao."

Chai ilipoa mbele yetu kabla sijaelewa. Mama yake alikuwa Mgikuyu. Baba, mtu wa Micheweni, alifanya biashara Mombasa ujanani, akamwona huko, akamwoa, akamleta kisiwani. Bibi huyo akasilimu, akalima mwani, akazaa, akazeeka, akasema Kipemba hata mtu wa Tumbe asingemjua kwa masikio tu. Watoto hakuwafundisha lugha yake. Nilipouliza kwa nini, binti alinieleza kwamba mama yake alichoka kuambiwa kuku mgeni hakosi kamba mguuni, akaona bora kamba hiyo isifike kwa wanawe. Kisha mume akafariki. Eda haijaisha, kiharusi kikampiga. Mkono wa kulia ukalegea, mguu ukawa mzito, na Kipemba chote kikaondoka. Kilichobaki mdomoni ni lugha aliyozaliwa nayo, na nyumbani mwake hakuna hata mmoja aliyeifahamu. Maneno yetu alikuwa akiyasikia kama redio ya nyumba ya pili, anakamata hili, linampita lile.

Hilo peke yake lingekuwa huzuni ya watu wa nyumbani, na ofisi yetu haina dawa ya huzuni. Kilichomleta ni nyumba. Mtoto wa kiume wa mke wa kwanza, mvuvi wa Tumbe, alikuwa amepeleka shauri kwa kadhi ili mirathi ya baba yake igawanywe. Mali yenyewe ya maana ilikuwa ile nyumba ya mawe aliyokuwa akikaa mjane, na nyumba haikatwi vipande; ikigawanywa, basi inauzwa. Binti yeye alisadiki kwamba baba alikwisha kumpa mama nyumba ile tangu akiwa hai, yaani hiba, na kitu kilichotolewa hiba hakiingii kwenye mirathi. Lakini hakuna karatasi, na watu wazima wa wakati ule wote wamekwenda mbele ya haki. Aliyebaki anajua ni mama mwenyewe, na mama hana lugha ya kumwambia mtu.

"Nimemwambia aje akae kwangu," binti akasema. "Kaninyooshea mkongojo."

Nikampenda yule bibi kabla sijamtia machoni.

Kadhi nilimfahamu kwa kazi. Ni mtu wa maneno machache na kanzu safi, na ukimletea hadithi ndefu hukuuliza swali fupi. Nilimweleza.

"Hiba ina mambo yake," akanambia. "Mwenye kitu atamke kwamba ametoa. Anayepewa akubali. Kisha akishike kitu mkononi mwake, kiwe chake kweli, si cha maneno. Nahitaji kumsikia huyo mama."

"Shehe, mama hasemi Kiswahili tena."

"Basi mlete anayesema lugha yake. Lakini akae mbele yangu, aape, nimwone uso. Siwezi kuapisha simu." Akafikiri kidogo, akaongeza kwamba, kwa kuwa bibi ni mgonjwa, atakuja yeye mwenyewe Micheweni, baada ya masika.

Nikatoka mbio kutafuta Mgikuyu. Wagikuyu hupita Pemba, lakini shida ni kwamba hupita. Nilimpata kijana mmoja fundi wa barabara, mcheshi, akaniambia kwamba Kigikuyu chake ni cha sokoni na cha utani, cha mahakamani hana, tena mkataba wake unaisha na anarudi kwao. Wenzetu wa Nairobi wakatutafutia mzee mmoja wa Nyeri, mkalimani wa mahakama aliyestaafu. Tukajaribu kumpigia simu mbele ya bibi, angalau asikie lugha yake. Bibi alisikia sauti ya mwanamume inatoka kwenye kipande cha plastiki, akaigeuza simu kifudifudi, akaiwekea mto juu. Yule mzee aliendelea kusalimia chini ya mto kwa muda mrefu, maskini, mpaka salio likaisha.

Kwenye kikao cha ofisi wakaanza kusema kwamba jambo hili limetushinda. Mimi nina hasira za karibu, hilo wenzangu wanalijua. Neno "limetushinda" lilinichoma. Nikasema, "Basi nitajifunza mimi," kwa sauti ile ambayo mtu huitumia kufunga mjadala, si kuanzisha kazi. Mkuu wangu wa kazi akaniangalia juu ya miwani, akasema, "Vizuri." Maji nikawa nimeshayavulia nguo.

Yule mzee wa Nyeri akakubali kunifundisha, kwa simu, kila siku isipokuwa siku yake ya ibada na siku yangu ya ibada. Tulikuwa watu wawili wasiofanana. Mimi natokwa na jasho, nimefungua madirisha yote. Yeye anakohoa, na nasikia moto wake wa kuni ukilia kwa nyuma. Mwanzoni nilimwona mkali. Hakunifundisha kuuliza bei ya nyanya wala kusifu watoto. Alianza na kiapo, mwĩhĩtwa. Kisha mũira, yaani shahidi. Kisha ciira, shauri lenyewe. Igai, fungu la urithi. Kĩheo, zawadi, kitu apewacho mtu kikawa chake. Nikilikosea neno, hanisahihishi, hunyamaza. Na kimya cha mtu wa baridi kinatisha.

Mengine yalinijia rahisi, kwa sababu lugha zenyewe ni ndugu. Mti wao ni mti wetu, mtu wao ni mtu wetu, maji yao unayatambua yanapopita. Nikawa najisikia mjanja. Hapo ndipo alipokuwa akinikamata, kwa maana mara tu ninapojiona nimefika, ananipa maneno marefu ya mtu anayehojiwa mahakamani: aliyekupa alikuwa na akili timamu, ulipokea kwa hiari yako, nani mwingine alikuwapo. Mimi nalia kwa ndani, mume wangu anacheka kwa nje.

Jambo moja alinirudia mpaka nikalichoka. "Mama wa Pemba," alikuwa akiniambia kwa Kiswahili chake cha bara, "wewe ni bomba tu. Maji yakiwa matamu, yapitishe matamu. Yakiwa machungu, yapitishe machungu. Bomba haliongezi sukari." Nilimwambia nimeelewa. Nadhani nilielewa kwa kichwa.

Mara moja kila wiki nilipanda pikipiki ya ofisi kwenda Micheweni kuyajaribu masikio yangu. Kadhi alikuwa ameniwekea sharti: nizungumze na bibi chochote nitakacho, ila habari ya nyumba nisimguse nayo mpaka yeye aje. Yule mvuvi wa Tumbe aliulizwa kama ananikubali niwe mkalimani, ilhali mimi ni mtu wa upande wa pili. Alijibu, "Bi huyu akiapa, yanitosha." Nilitaka kumchukia, ingekuwa kazi nyepesi zaidi, lakini hakunisaidia hata kidogo.

Siku ya kwanza ya safari hizo nilisimama mbele ya bibi, viatu nimeacha nje, kama msichana anayeposwa. Nikasema salamu yao, "Ũhoro waku, cũcũ," habari yako, bibi. Alikuwa amekaa kitandani anamenya jimbi kwa mkono wa kushoto. Kisu kikasimama. Akanitazama, baibui langu, mikoba yangu, uso wangu wa Kipemba mtupu, na akacheka mpaka machozi yakamtoka. Kisha akaendelea kutokwa machozi baada ya kicheko kwisha. Na mimi nikalia. Binti yake aliingia na chai akatukuta hivyo, akaiweka chini na kutoka bila ya kuuliza.

Baada ya hapo akawa mwalimu wangu wa pili, na darasa lake lilikuwa majimbi. Majimbi, ambayo watu wa bara huyaita magimbi, ni chakula cha kwetu na ni chakula cha kwao. Huko kwao, alinieleza, yanapandwa kando ya mito ya maji baridi. Hakupenda tunavyoyaunga kwa nazi. Yachemshwe, basi, uyasikie yenyewe. Alinielekeza huku akinipiga kidole cha mkono kila nilipovuta irabu ya Kipemba mahali pasipostahili. Wakati mwingine alizungumza mbio nami nikabaki nyuma nikiokota neno hapa neno pale, lakini hakujali. Alikuwa na hamu ya kusema tu. Nilirudi Chake Chake jioni nimechoka na nimefurahi, na nikampigia Mwalimu kumuuliza maneno ya vyakula ambayo yeye aliona hayana kazi mahakamani.

Masika yakaisha, kadhi akaja. Alikuja na karani wake, akakaribishwa ukumbini, akakaa kwenye kiti cha mbao. Mvuvi wa Tumbe alikaa mkekani karibu na mlango, amevaa kanzu ya Ijumaa. Binti alisimama nyuma ya mama yake. Bibi alikuwa kitandani, kajifunga kanga mpya, mkongojo mapajani. Mimi nilikaa kati yao. Niliapa kwa msahafu kwamba nitayafikisha maneno kama yalivyo, bila ya kupunguza wala kuongeza.

Mvuvi akasema yake kwanza, kwa heshima. Baba yao amekufa, sheria ya Mungu imegawa, yeye hadai zaidi ya fungu lake. Hakuwahi kusikia habari ya hiba. Kadhi akamgeukia bibi, akanipa swali, na swali lilikuwa lile lile nililolifanyia mazoezi mpaka uchochoro mzima wa Madungu ungeweza kulisema. Nikalitamka taratibu, kwa sauti ya mahakamani: mume wako alikupa nyumba hii iwe kĩheo, zawadi, akiwa hai?

Bibi akanitazama.

"Aca," akasema.

Hapana.

Huenda hakunisikia. Nikamwomba kadhi ruhusa ya kulirudia, akanipa. Nikalirudia, kila neno mahali pake. Hakuna aliyekihitaji Kigikuyu kuona bibi alivyokunja uso.

"Aca. Aca," akasema, na akapiga mkongojo sakafuni.

Wote walikuwa wakiningoja. Nakumbuka karani alivyoinua kalamu. Nakumbuka binti, ambaye alijua neno lile moja kwa sababu hata yeye alikuwa akikatazwa nalo utotoni, alivyoweka mkono mdomoni. Ningeweza kusema bibi amechoka. Ningeweza kusema hakufahamu, tuje siku nyingine. Ni nani Micheweni nzima angenigundua? Nilitamani sana kuongeza sukari, na sioni haya kulisema, maana mtu asiyetamani hana anachokishinda.

"Anasema hapana," nikamwambia kadhi. "Anasema mume wake hakumpa nyumba hii."

Mvuvi akatazama mkeka. Hakufurahi, alionekana kama mtu aliyeshinda mchezo kwa sababu mwenzake ameteguka mguu. Kadhi akavuta pumzi aanze kufunga shauri.

Lakini bibi hakuwa amemaliza. Alikuwa amekasirika, na hasira ilimpa pumzi. Akaanza kusema, mimi nikafuata nyuma yake kipande kwa kipande, nikitafsiri kabla sijajua sentensi inaelekea wapi.

"Anauliza ni mwanamume gani anayempa mwanamke nyumba. Anasema mwanamume hujenga, hiyo ndiyo kazi yake. Lakini nyumba ni ya mwanamke. Anasema kwao ndivyo ilivyo, kila mke ana nyumba yake, na mwanamume ana kibanda chake mwenyewe pembeni, kinaitwa thingira. Baba yake alilala thingira. Akitaka kuingia kwa mama yao, alisimama mlangoni mpaka aambiwe aingie. Anasema, atanipaje kitu ambacho ni changu? Sikupewa. Huwezi kupewa mkono wako."

Nje mbuzi wa jirani alikuwa akigombana na kamba yake. Bibi akameza mate, akaendelea, na mimi nikaendelea.

"Anasema alimwambia mume wake hukohuko Mombasa, kabla ya kupanda chombo, kwamba yeye hatakaa nyumba ya mwanamume. Mume akamjibu, utakaa kwako. Wakafika hapa. Mume akajenga. Siku nyumba ilipokwisha, bwana alibaki nje. Alimkabidhi yeye kaa la moto kwenye kigae, akamwambia, ingia kwako, uwashe moto wako. Akaingia, akawasha. Bwana akabisha hodi, naye akamkaribisha. Anasema, na tangu siku ile mpaka alipokufa, hakuingia mlango ule bila ya kubisha hodi."

Bibi akaishia hapo, nami nikaishia hapo. Karani alikuwa bado anaandika. Kadhi alikaa mbele kidogo kwenye kiti chake, akaniacha mimi, akamwacha bibi, akamtazama mvuvi.

"Weye umesikia," akamwambia.

"Nimesikia, Shehe."

"Baba yako akibisha hodi hapa?"

Mvuvi aligeuza kichwa. Alikuwa anatazama kizingiti cha mlango uliokuwa ubavuni mwake. Mtu mzima, mabega mapana ya kuvuta nyavu, na uso wake ulikuwa umerudi utotoni.

"Akibisha, Shehe," akasema. "Mie nikija Ijumaa kumwamkia, humkuta kasimama papo hapo, samaki wake mkononi, angoja aambiwe karibu. Siye watoto tukimcheka. Mama yangu yeye akisema baba karogwa."

"Hukumuuliza?"

"Nilimuuliza." Akajifuta uso kwa kiganja. "Nikamwambia, baba, mbona wabisha hodi kwako? Akanambia, hapa si kwangu, mwanangu. Hapa kwa mama yako mdogo. Mie hapa mgeni wake."

"Ukalifahamuje neno hilo?"

"Nilikuwa mtoto, Shehe. Nikajua mzaha."

"Na sasa?"

Mvuvi akamtazama kadhi usoni. Ningeapa tena kwamba alijua vizuri jibu lake litamgharimu nini.

"Sasa mie mtu mzima," akasema.

Kadhi akarudi nyuma kwenye kiti. Akasema kwamba hukumu ataitoa mahakamani kwa utaratibu wake, lakini watu wasilale na wasiwasi. Mwenye mali ametamka kwa mtoto wake mwenyewe, na mtoto amekiri dhidi ya nafsi yake. Mke alikubali na akashika. "Mtu habishi hodi kwake maisha yake yote kwa mzaha," akasema. Akaomba maji ya kunywa.

Binti akanikumbatia kwa nyuma hata nikakosa pumzi. Bibi akaniuliza kuna nini. Nikamwambia, kwa Kigikuyu kilichonikimbia nusu, kwamba shehe amesema maneno yako ni kweli. Akanitazama kwa mshangao, kama kwamba kuna mtu aliyekuwa amesema ni uongo.

Jioni ile nikampigia Mwalimu. Nilimsimulia swali, na lile jibu, na jinsi nilivyokaribia kufa mkekani. Alicheka mpaka kikohozi kikamshika, nikasikia mtu anampelekea maji. "Hata mimi ningesema aca," akaniambia alipopata sauti. "Nyumba ya mama yangu, baba hakuwahi kuiita yake."

"Mwalimu," nikasema, na hasira zangu za karibu zikawa zimeshafika, "miezi yote hii. Mbona hukunifundisha hilo?"

"Hukuniuliza," akasema. Kisha, kwa upole ambao sikuwahi kuusikia kwake, akaniuliza lile neno la hapana nililipitisha vipi. Nikamwambia nililipitisha kama lilivyokuja. Akanyamaza kimya kile chake. Safari hii hakikunitisha.

Hukumu ilipotoka, nilikwenda nayo Micheweni mwenyewe. Nilitaka kuwa mimi wa kumwambia. Njiani nilikuwa nikiipanga kwa Kigikuyu kizuri, chenye maneno yote makubwa niliyoyalipia kwa jasho, na mahali pengine nilisema kwa sauti, watu wa njiani wakaniangalia nikipita na pikipiki nikihutubia mashamba ya mihogo. Nilimkuta binti amechemsha majimbi na kupika wali wa nazi, kwa ajili ya watu wa madhehebu yote mawili. Mvuvi wa Tumbe naye alifika, na samaki wawili wabichi aina ya changu, kawatunga kwenye kamba ya ukili. Akasimama kizingitini. Hakuna aliyemwambia afanye hivyo. Akabisha hodi, akangoja, na bibi akaacha muda upite kidogo, mwenye kupenda kuringa yule, kabla ya kumwinulia mkono.

Tukakaa. Nikamsomea hukumu, nikaitafsiri. Mũira, kĩheo, igai, yote yalitoka bila ya kujikwaa. Nilikuwa na fahari, naomba nisamehewe. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, ameinamisha kichwa kwa adabu. Nilipomaliza akasema, na mimi nikawatafsiria wenzangu, kwamba amefahamu: shehe, na karani wake, na mimi, na mwalimu wangu wa milimani, tumehangaika masika yote ili tumwambie kwamba nyumba yake ni yake.

"Ndiyo, cũcũ," nikasema.

Akatikisa kichwa. Akatushukuru mmoja mmoja, mvuvi akamshika mkono kwa muda mrefu kuliko sisi wengine, akasema naye maneno ambayo mvuvi hakuyafahamu na hakuhitaji. Kisha akajiweka sawa kitandani, akauchukua mkongojo wake.

"Rĩu inũkai," akasema.

Nilisita. Sisi Wapemba hatumfukuzi mgeni. Chai ilikuwa bado haijamiminwa, wali bado uko jikoni. Binti akaniuliza mama asemaje, "Wamba n'ni?" Nikakumbuka kiapo, ingawa hakuna aliyeniapisha siku ile, nikayapitisha kama yalivyokuja.

"Anasema sasa nendeni makwenu. Anataka kufunga mlango wake."

Binti akaona aibu, akaanza kuomba radhi kwa niaba ya mama. Mvuvi ndiye aliyekuwa wa kwanza kusimama na kutafuta makubadhi yake. Tukatoka mmoja mmoja, binti akapitia jikoni kupakua, tukala uwanjani juu ya jamvi, tunacheka kwa sauti ndogo ili tusimsumbue mwenye nyumba. Nyuma yetu tukamsikia anakuja taratibu, mkongojo, mguu, mkongojo, mguu. Alichukua muda kulipata komeo kwa mkono wa kushoto. Hakuna aliyeinuka kumsaidia. Tuliacha kutafuna mpaka tuliposikia limeingia.